Duara la Gallaudet: barua zenu kuhusu timu ya viziwi

Toleo lililopita niligusia, kwa sentensi moja tu, timu ya mpira wa Kimarekani ya Chuo Kikuu cha Gallaudet kilichopo Washington, chuo cha viziwi. Nilisema wachezaji wa chuo hicho ndio walioanzisha lile duara ambalo timu hujikusanya, vichwa vikiwa karibu kugusana, kabla ya kuucheza mpira. Sikutegemea kwamba sentensi hiyo ingeleta barua nyingi kiasi hiki. Nyingine zimetoka kwa watu ambao hawajawahi kuuona mchezo wenyewe hata kwenye simu. Maswali ya malezi na ya ukalimani yatasubiri mwezi ujao, leo ukurasa wote ni wa Gallaudet.

Kwa wanaonisoma kwa mara ya kwanza: mimi ni mkalimani wa lugha ya alama, mzaliwa wa Tanga, na kazi hii nimeifanya kwa miaka 27. Mwaka 2013 nilikaa Washington kwa wiki tatu, nikafika chuoni hapo zaidi ya mara moja. Mengine nimeyapata kwa kusoma na kwa kuuliza viziwi wenyewe.

*

Shikamoo Bi. Mkalimani. Mimi na mume wangu tunabishana. Yeye anautazama sana mpira wa Kimarekani usiku, na anasema lile duara ni la kupeana moyo tu, kama timu zetu zinavyoomba dua kabla ya mechi. Wewe umeandika lilianzishwa na mabubu. Ilikuwaje? – Mama Neema, Mwanza

Marahaba, Mama Neema. Kwanza neno moja tulimalize. Mdogo wangu Salehe aliugua homa ya uti wa mgongo akiwa na miaka sita, ikamwachia uhai ikamchukulia masikio. Tangu siku hiyo ni kiziwi, lakini bubu hajawahi kuwa. Ana maneno mengi kuliko mimi, ila yako mikononi. Tuseme kiziwi, viziwi, maana ndivyo wanavyojiita wenyewe.

Sasa duara. Mpira wa Kimarekani hauendi mfululizo kama soka. Unachezwa vipande vipande. Timu yenye mpira hupewa majaribio manne ya kuusogeza yadi 10. Ikifaulu inapata mengine manne, ikishindwa mpira unakwenda kwa wapinzani. Kabla ya kila jaribio wachezaji wote 11 lazima wajue kitakachofanyika: nani atakimbia na mpira, nani atamkinga, nani atatoroka pembeni kusubiri pasi. Anayewaambia ni kwotabeki, yule anayesimama nyuma ya mstari wa mbele na kupokea mpira. Zamani kwotabeki alitangaza mpango palepale kwenye mstari, kwa mafumbo ya namba, wapinzani wakiwa hatua mbili mbele yake. Wanaosikia waliridhika na mafumbo yao.

Gallaudet walianza kucheza mwaka 1883. Walicheza na vyuo vya wanaosikia, na walicheza pia na timu nyingine za viziwi. Hapo ndipo palipokuwa na kazi. Kwotabeki akinyanyua mikono kutoa mpango, timu pinzani yote imeshamsoma, kama mtu anayetangaza siri zake kwa kipaza sauti. Paul Hubbard, aliyekuwa kwotabeki wa chuo kati ya 1892 na 1895, akawaita wenzake wasogee. Wakamzunguka, wakawapa wapinzani migongo, naye akatoa alama zake chini chini mbele ya kifua, ndani ya ukuta wa miili. Kisha wakatawanyika kila mmoja akijua lake. Duara ni hilo, na mume wako mwambie kwamba moyo walikuwa nao tayari, walichokuwa wanatafuta ni faragha.

Naomba tukae hapa kidogo, maana ndiyo sababu hasa iliyonifanya niandike ile sentensi. Mwaka 1880, miaka mitatu tu kabla ya timu hiyo kuanza, walimu wa viziwi kutoka nchi mbalimbali walikutana Milan, Italia, wakapiga kura kwamba alama ziondolewe madarasani na watoto wafundishwe kutamka kwa mdomo. Edward Miner Gallaudet, rais wa chuo hiki, alikuwepo na alipinga, lakini alishindwa kwa kura. Baada ya hapo, kwa miaka mingi sana, wasomi waliandika kwamba alama ni vitendo tu, maigizo ya mikono, si lugha. Haikuwa mpaka mwaka 1960 ndipo William Stokoe, mwalimu wa Kiingereza hapohapo Gallaudet, alipochapisha utafiti ulioonyesha kwamba alama za Wamarekani zina muundo kamili kama lugha nyingine yoyote.

Sasa mtazame Hubbard. Karibu miaka 70 kabla ya Stokoe, kijana huyu anahangaika namna ya kuficha mikono yake ili maneno yake yasisikilizwe na adui. Nani anaficha maigizo? Mtu huficha maneno. Kila ninapoona duara hilo kwenye televisheni, hata la timu za mamilioni ya dola, naona vijana wa chuo kidogo wanaojua fika kwamba walicho nacho ni lugha, na kwamba kuna watu upande wa pili wanaoielewa vizuri mno.

*

Bi. Mkalimani, hongera kwa kazi. Mimi ni mkufunzi wa soka wa vijana viziwi hapa Kigamboni. Sisi mwamuzi tunampa kibendera badala ya filimbi, na mambo yanakwenda. Lakini nimeangalia huo mpira wao, naona wote wanaondoka kwa mpigo mmoja kama wanajeshi. Asiyesikia anajuaje wakati wa kuondoka? – Kocha, Kigamboni

Swali la mtu wa kazi, kocha wangu. Umeona mbali.

Kwa timu za wanaosikia, kwotabeki huhesabu kwa sauti. Wamekubaliana ndani ya duara: tunaondoka kwenye mlio wa pili, au wa tatu. Wenzake wanajua, wapinzani hawajui, na ile nusu sekunde wapinzani wanayochelewa ndiyo faida yenyewe. Mchezaji wa mstari wa mbele akijitikisa kabla ya wakati, timu inarudishwa nyuma yadi 5.

Gallaudet walipata jawabu kwenye ngoma. Ngoma kubwa, ya zile za bendi za shule, iliwekwa pembeni ya uwanja ikapigwa kwa nguvu, na mipigo yake ikawa ndiyo hesabu. Kiziwi hahitaji sikio kuipata ngoma ya ukubwa ule. Mtetemo unapita ardhini na hewani, unampata kifuani.

Niliamini hivyo kwa kusoma tu mpaka Jumamosi moja ya Oktoba 2013 nilipokaa kwenye uwanja wao, Hotchkiss Field. Siku hiyo ngoma ilikuwa zaidi ya mashabiki kuliko ya hesabu. Nilikuwa nimeweka chupa ya maji kwenye benchi la bati kando yangu. Kila mpigo, maji yalijikunja kuanzia katikati kwenda ukingoni, duara ndani ya duara, na kabla hayajatulia mpigo mwingine ulikuwa umefika. Mwanafunzi wa kike aliyekaa mbele yangu aliona naitazama chupa. Akaweka kiganja chake juu ya mfuniko, akanitazama, akatabasamu, halafu akauchukua mkono wangu akauweka palepale. Salehe angekuwepo asingenisamehe kwamba nilihitaji kuonyeshwa.

Lakini leo ngoma siyo tegemeo la uchezaji. Tegemeo ni macho. Mchezaji wa mstari wa mbele ameinama, mkono mmoja chini, na kwa pembe ya jicho anautazama mpira wenyewe. Mpira ukitikisika, naye anaondoka. Wenzao wanaosikia wanapewa hesabu na bado wanakosea, maana sikio linaweza kudanganywa: wapinzani hupiga kelele, mashabiki hupiga kelele, kwotabeki mwerevu hubadili sauti makusudi ili adui aruke mapema. Ukimpigia kelele mchezaji wa Gallaudet unapoteza pumzi yako.

Hasara nayo ipo, nisikufiche. Kwotabeki anayesikia, akiona wapinzani wamejipanga vibaya kwake, hupaza sauti akabadili mpango dakika ya mwisho. Wa Gallaudet lazima kwanza apate macho ya kila mtu, na wale wa mstari wa mbele wamempa mgongo. Alama hupita kutoka kwa mmoja hadi mwingine, na muda haungoji. Na filimbi ni ileile unayoijua wewe: mwamuzi amesimamisha, kijana bado anasukuma, mpinzani anakasirika akidhani ni ubaya. Kibendera chako kiendelee, kocha. Na wafundishe vijana wako ule uangalizi wa pembe ya jicho, hata kwa soka unafaa, hasa kwa beki.

*

Hujambo dada? Rafiki yangu aliyesoma Marekani anasema umepotosha, kwamba duara lililetwa na kocha wa Illinois. Nani mkweli? – Msomaji, Mombasa

Sijambo, ndugu yangu. Rafiki yako hakudanganya, kashika mkia. Bob Zuppke, kocha wa Chuo Kikuu cha Illinois, alilitumia duara mara kwa mara kuanzia mwaka 1921, na Herb McCracken, kocha wa chuo cha Lafayette, akalifanya utaratibu wa kila jaribio mwaka 1924. Wao wanastahili sifa ya kulieneza kwenye vyuo vikubwa. Lakini Hubbard alikuwa amelitumia karibu miaka 30 kabla yao, na alipoondoka chuoni alikwenda kufundisha katika shule ya viziwi ya Kansas, mjini Olathe, akaanzisha mpira huko na duara lake akaenda nalo. Mtu akikuta kisima kijijini, akakijengea ukuta na kuweka ndoo mpya, tumshukuru, ila asiseme amekichimba.

*

Salamu kutoka Columbus, Ohio. Huku kila mtu anaongelea timu ya chuo chetu ambayo uwanja wake unajaza watu laki moja. Hao Gallaudet huwa wanashinda kweli, au wanasifiwa kwa kuwa ni walemavu? Na ile habari ya kofia yenye intaneti ni kweli? – Kijana wa Lubumbashi

Kijana wangu, umeuliza bila kuzunguka, nami nitakujibu hivyohivyo.

Chuo chenyewe kina wanafunzi wasiofika elfu mbili. Kocha wa Ohio anachagua kutoka nchi nzima na anawalipia masomo. Gallaudet wanacheza daraja la tatu la NCAA, chama kinachosimamia michezo ya vyuo Marekani, ambako ufadhili wa masomo kwa ajili ya michezo hauruhusiwi, na kila mwaka kocha lazima apate vijana wa kutosha kutoka katika jamii ambayo tayari ni ndogo. Kuna miaka timu ilishuka kabisa kutoka NCAA ikawa klabu tu. Mwaka 2005, ikiwa bado klabu chini ya kocha Ed Hottle, haikupoteza hata mechi moja, na mwaka 2007 ikarudi NCAA.

Mwaka niliokuwa huko, 2013, ndio ulikuwa mwaka wao. Chini ya kocha Chuck Goldstein walishinda mechi 9, wakatwaa ubingwa wa ligi yao, na kwa mara ya kwanza katika historia ya chuo wakaingia mashindano ya mtoano ya kitaifa ya daraja la tatu. Walitolewa raundi ya kwanza na Hobart, timu yenye nguvu. Mimi nilikuwa nimesharudi Dar es Salaam, nikapata habari kwa ujumbe wa simu alfajiri. Niliumia kama wao. Kwa hiyo ndiyo, wanashinda, na wanafungwa, na miaka mingine wanafungwa sana. Wakipewa sifa ya huruma wanaitambua haraka kuliko wewe unavyodhani, na hawaipendi.

Kofia ni kweli. Tarehe 7 Oktoba 2023, wakicheza na Hilbert College, kwotabeki wao alivaa kofia ya kinga iliyotengenezwa kwa ushirikiano na kampuni ya simu ya AT&T. Kocha anachagua mpango kwenye tableti pembeni, na mpango unatokea kwenye kioo kidogo ndani ya kofia, mbele ya jicho la mchezaji. NCAA ilitoa ruhusa kwa mechi hiyo moja. Gallaudet walishinda 34 kwa 20, na ulikuwa ushindi wao wa kwanza msimu huo.

Faida yake ni nini? Kwotabeki kiziwi hupokea maelekezo kwa kumtazama kocha pembeni. Muda anaomtazama kocha hawatazami wapinzani, wala wenzake hawamwoni usoni. Kofia inamrudishia macho yake. Niliifurahia, na pia nilikasirika. Ligi ya wachezaji wa kulipwa, NFL, iliwawekea makwotabeki wake redio ndani ya kofia mwaka 1994. Anayesikia alinong'onezwa na kocha wake kwa miaka 29 kabla ya kiziwi kupata chake, na hata hapo kwa ruhusa ya Jumamosi moja. Kampuni imepata tangazo zuri sana, sawa, biashara ni biashara. Mimi nilichokuwa nakitafuta kwenye habari zile ni lini itakuwa kifaa cha kawaida cha kazi, kama miwani.

*

Mwalimu, je, kuna kiziwi aliyewahi kufika NFL? – Mwanafunzi, Nakuru

Wapo. Bonnie Sloan alichezea St. Louis Cardinals mwaka 1973. Kenny Walker, naye kiziwi tangu utotoni kwa homa ya uti wa mgongo kama Salehe, alichezea Denver Broncos mwaka 1991 na 1992. Derrick Coleman alikuwa na Seattle Seahawks walipotwaa Super Bowl, fainali ya ubingwa wa NFL, mwaka 2014. Hakuna hata mmoja kati yao aliyetoka timu ya Gallaudet.

La Walker nakuongezea. Alipomaliza chuo Nebraska mwaka 1990, kwenye mechi yake ya mwisho nyumbani, uwanja mzima ulimpigia makofi ya viziwi: mikono juu, viganja wazi, vinatikiswa. Maelfu kwa maelfu ya watu wanaosikia, wakimshangilia kwa lugha yake. Nyie Kenya katiba yenu ya 2010 imeitaja Lugha ya Ishara kuwa mojawapo ya lugha rasmi za Bunge, kwa hiyo anza nayo darasani kwenu, usisubiri uwanja.

*

Amani kwako mama. Mimi ni wa Bujumbura. Baba yangu ni kiziwi, alisoma shule iliyoanzishwa na mmisionari Mmarekani mweusi, naye kiziwi. Baba anasema mtu huyo alisoma Gallaudet. Je, alicheza katika timu hiyo? Na weusi walikuwepo katika timu hiyo ya mwanzo? – Binti wa Bujumbura

Amani kwako pia, binti yangu, na msalimie baba kwa mikono miwili.

Mtu wa baba yako ni Andrew Foster. Alizaliwa mwaka 1925 huko Ensley, Alabama, mtoto wa mchimba makaa ya mawe. Akiwa na miaka 11 yeye na ndugu yake waliugua homa ya uti wa mgongo, wote wawili wakapoteza usikivu. Unaona jinsi ugonjwa huu unavyonifuata katika ukurasa huu. Aliomba nafasi Gallaudet akakataliwa, akaomba tena akakataliwa tena, kwa sababu ya rangi. Hatimaye akapokewa mwaka 1951 na akamaliza mwaka 1954, akawa Mmarekani mweusi wa kwanza kutambuliwa kuhitimu shahada hapo. Jambo lililobaki la kukumbukwa kwake halikuwa mpira. Ni shule.

Kuhusu timu ya Hubbard, jibu ni chungu. Hesabu mwenyewe: duara lilianza miaka ya 1890, Foster alihitimu 1954. Chuo kilichojua fika uchungu wa kufungiwa nje kilifunga mlango wake pia. Ndani ya uzio huohuo kuna shule ya watoto viziwi inayoitwa Kendall. Watoto weusi wa Washington walikuwa hawaruhusiwi kusoma hapo, wakawa wanapelekwa mbali, nje ya mji, waishi bweni. Mama mmoja, Louise Miller, akaenda mahakamani na wazazi wenzake, na mwaka 1952 akashinda, miaka miwili kabla ya hukumu maarufu iliyokataza ubaguzi katika shule za Marekani nzima. Hata hapo, watoto hao weusi walitengewa shule yao peke yao, katika jengo tofauti. Mwezi wa saba mwaka 2023 Gallaudet walifanya sherehe, wakawapa vyeti vya kuhitimu wanafunzi 24 wa shule ile. Wengi walikuwa wameshafariki, vyeti vyao vikapokewa na jamaa zao.

Ninaipenda historia ya duara, umeona nilivyoiandika. Ndiyo maana sitaki kuisimulia nusu. Wale vijana waliosimama bega kwa bega ili lugha yao isiibwe, ndani ya duara lao kulikuwa na watu wa rangi moja tu, na hilo halikutokea kwa bahati mbaya.

Foster naye hakukaa kulalamika mlangoni. Mwaka 1957 alifika Ghana akafungua shule. Mpaka anafariki alikuwa ameanzisha shule 32 katika nchi 13 za Afrika, na Zaire ya wakati huo na Burundi yenu zimo. Gallaudet ileile iliyomkataa ilimpa shahada ya heshima ya udaktari mwaka 1970. Alifariki tarehe 3 Desemba 1987 kwa ajali ya ndege ndogo nchini Rwanda, jirani kabisa na kwenu. Alama alizokuja nazo zilikuwa za Kimarekani, na katika kila nchi watoto walizichanganya na za kwao wakazifanya zao. Muulize baba yako alama ya "shule" au ya "mama", halafu tafuta video ya mwanafunzi wa Gallaudet akizungumza. Usishangae ukiona mikono inakwenda njia moja. Ukizipata, niandikie. Nina hamu ya kujua.

*

Mwalimu shikamoo. Nimesoma habari ya timu hiyo nikalia. Mwanangu ana miaka kumi, ni kiziwi, anapenda mpira kupita kiasi. Wenzake mtaani hawampangi. Wanasema anaharibu mechi kwa sababu hasimami filimbi ikipigwa. Nifanye nini? – Mama wa Morogoro

Marahaba, mwanangu. Barua yako niliiweka ya mwisho kwa makusudi, nimekaa nayo siku nne.

Salehe alikuwa hivyohivyo. Shule yake ya kwanza, siitaji jina, walimu walimkalisha juu ya viganja vyake ili asitumie alama, mpaka vidole vikafa ganzi. Nyumbani alipona kwa mpira. Tulikuwa na kiwanja cha mchanga karibu na bahari, naye alikuwa beki mkali. Siku moja kwenye mechi ya mtaa na mtaa mwamuzi alipuliza, wote wakasimama, Salehe akaendelea akamkwatua mtu. Akatolewa nje. Alikaa chini ya mnazi akiniuliza kwa alama, amefanya nini? Alikuwa na miaka tisa. Hakuna aliyemweleza mpaka nilipofika mimi.

Jumapili iliyofuata nilichukua kanga ya mama, nyekundu, nikasimama nyuma ya goli la wapinzani, mahali ambapo beki anapatazama muda wote. Filimbi ikipigwa, natikisa kanga. Mpira wa kona, naielekeza upande. Nilikuwa na miaka 13, wavulana walinicheka mechi ya kwanza na ya pili. Ya tatu, kipa wao mwenyewe aliniomba niwe napunga juu zaidi, kwa sababu upepo ulikuwa unabeba filimbi na yeye pia alikuwa hasikii.

Kwa hiyo fanya hivi. Usianze na watoto, anza na anayepuliza filimbi. Mtafute kabla ya mechi, mpe kitambaa cha rangi kali, mwombe akinyanyue kila anapopuliza. Atakubali, ni kazi ya sekunde moja. Kisha mtafute mtoto mmoja tu, yule anayependwa na wenzake, mwalike nyumbani mle naye, mwanao amfundishe alama tano: simama, pasi, rudi, nyuma yako, goli. Usiwafundishe wewe, amfundishe yeye. Watoto wanapenda kitu ambacho timu nyingine haikijui. Wakishagundua kwamba wanaweza kupanga kona mbele ya wapinzani bila mtu kusikia neno, watakuja wenyewe kuuliza alama ya sita.

Mwambie na habari ya Hubbard, kwa mikono yako, hata kama alama zako bado ni za kubabaisha. Na uniandikie mwezi ujao, uniambie amepangwa namba ngapi.